Nyoka Mmoja, Maana Nyingi: Uhakiki wa Neno Linalofundishwa Nusu

Katika vitabu vingi vya mazoezi ya Kiswahili vinavyotumika katika shule zetu hapa Uganda, sura ya semi na misimu huwa na orodha ya wanyama. Simba ni shujaa, kondoo ni mpole, kinyonga ni kigeugeu, fisi ni mlafi. Ikifika zamu ya nyoka huandikwa "mtu mbaya, msaliti", kisha orodha inaendelea na punda. Mwanafunzi hukariri, hujibu mtihani, hupata alama yake moja. Nadiriki kusema kwamba alama hiyo hutolewa bure, kwa sababu Kiswahili hakina nyoka mmoja wa namna hiyo. Kina nyoka kadhaa, na kila mmoja amezaa maneno yake. Baadhi ya maneno hayo ni ya mzaha, mengine ni ya siasa, na liko moja ambalo mwalimu wa ukanda huu hapaswi kuliandika ubaoni na kulipita.

Tuanze na sauti, maana hapo ndipo kosa la kwanza huzaliwa. Wapo wanaofundisha kwamba nyoka aliitwa hivyo kwa sababu "amenyooka". Maelezo haya yanapendwa sana kwa kuwa ni mepesi kukumbuka, ingawa mtu aliyewahi kumwona nyoka akitembea atashangaa kidogo. Ushahidi wa kuyakataa umo ndani ya lugha yenyewe. Ukimkuza nyoka unapata joka, na ukimdogosha unapata kijoka. Ile "ny" imeondoka kwa sababu ni kiambishi cha ngeli tu. Mzizi wenyewe ni "-joka". Kitenzi kunyooka hakifanyi hivyo hata kidogo: "ny" yake ni sehemu ya mzizi na haibanduki popote uendapo. Ndugu za nyoka wetu wametapakaa kote Ubantuni. Wazulu husema inyoka, Wachewa njoka, Wanyankole enjoka, Wanyarwanda na Warundi inzoka, na wasemaji wa Lingala husema nyoka kama sisi.

Hapa ndipo mambo yanapomhusu mwanafunzi wetu. Kwa Mganda, nyoka wa porini ni omusota. Neno enjoka analo, lakini kwake ni minyoo ya tumboni. Kinyarwanda na Kirundi vimeshika maana zote mbili kwa neno moja: inzoka ni nyoka, na inzoka zo mu nda ni minyoo. Sasa mchukue kijana wa Kigali au wa Masaka aliyejifunza Kiswahili cha kutosha kusafiri. Anaingia duka la dawa mjini Mwanza, anaomba "dawa ya nyoka kwa ajili ya mtoto". Muuzaji atafikiri mtoto ameumwa, atauliza ameumwa saa ngapi na nyoka wa namna gani, na kabla ya kueleweshana duka zima litakuwa limesimama. Mwanafunzi huyu hakukosea kwa ujinga. Lugha yake imehifadhi uhusiano wa kale kati ya mdudu wa tumboni na mnyama wa majani, uhusiano ambao Kiswahili sanifu kimeugawa kwa maneno mawili. Kamusi tunazozitegemea zimetungwa Dar es Salaam na Nairobi kwa msomaji ambaye hana shida hii, kwa hiyo hazimwonyi. Ni kazi yetu kumwonya, na inasikitisha kwamba maelezo ya darasani hayaligusi jambo hili hata kwa sentensi moja.

Majina ya aina za nyoka nayo yana kisa chake. Kiswahili kina hazina: chatu, koboko, songwe, swila, fira, kifutu ambaye wengine pwani humwita bafe au moma, na ukukwi wa kijani. Katika insha za wanafunzi hazina hii haionekani. Wanaandika "sumu ya chatu", ilhali chatu hana sumu. Yeye hukaba kisha akameza. Wanaandika "kobra" wakati swila yupo, tena swila ana ubora wa ziada kwa mwandishi kwa kuwa hutema sumu kulenga macho. Mtu akisema "maneno yake ni mate ya swila" anatoa picha kamili ya jeraha linalotoka mbali. (Fira, najua, huachwa kwa haya. Kitenzi kinachofanana naye kimemharibia jina, na mwalimu mwenye darasa la vijana sitini ana haki ya kumpendelea swila.)

Kosa baya zaidi katika kundi hili ni "mamba mweusi". Limeingia kwa mlango wa tafsiri, hasa katika maelezo ya filamu za wanyama. Mfasiri ameona "mamba" katika maandishi ya Kiingereza, akaliona neno kama la kwao, akaliacha lilivyo. Kumbe Waingereza walilichukua neno hilo kutoka Kizulu, imamba, ambalo ni jina la nyoka. Kwetu mamba ni yule wa mtoni mwenye miguu minne. Anayemaanishwa ni koboko. Mtu anaweza kusema haya ni mambo ya kuchekesha tu, lakini sivyo. Mwezi Juni 2017 Shirika la Afya Duniani liliingiza madhara ya kuumwa na nyoka katika orodha ya magonjwa ya kitropiki yaliyosahauliwa, na makadirio yake ni kwamba watu kati ya 81,000 na 138,000 hufa duniani kila mwaka kwa sababu hiyo. Sumu ya kifutu huharibu nyama ya mahali palipoumwa. Ya koboko huendea mishipa ya fahamu na pumzi. Kijarida cha afya kinachomwambia mwanakijiji ajihadhari na "mamba mweusi" kimempeleka mtoni wakati hatari iko kwenye kichuguu nyuma ya nyumba.

Sasa tuje kwenye maana za mitaani, ambako nyoka amefanya kazi nyingi kuliko vitabu vinavyokiri.

Ni kweli kwamba vijana wa Nairobi wanaozungumza Sheng, na wenzao wa Dar es Salaam, wakisema "huyo ni nyoka" wanamaanisha rafiki anayekusaliti. Lakini kabla ya kuridhika na hilo, tulitazame neno ambalo Waswahili wenyewe walilitunga kwa ajili ya mtu huyo zamani: ndumakuwili, au ndumilakuwili. Limejengwa kwa kitenzi cha kuuma na neno la mahali, kuwili. Ni nyoka anayedhaniwa kuwa na vichwa viwili, kwa hiyo anauma mbele na nyuma. Mnafiki anayekula na pande mbili za ugomvi ndiye huyo. Neno hili ni sahihi kuliko "nyoka" kwa sababu halisemi tu kwamba mtu ni mbaya. Linasema ubaya wake uko wapi. Haubagui, unauma kila upande, na mwenye kuumwa hajui kichwa ni kipi.

Ajabu ni kwamba nyoka mwenyewe ameonewa. Wale nyoka wadogo wa ardhini ambao mkia wao ni butu kama kichwa hawana madhara kwa mtu. Hula mchwa na sisimizi pamoja na mayai yao. Yaani lugha imemtwika mnyama mpole kuliko wote katika ukoo wake jina la mtu mwovu kuliko wote katika kijiji. Nimeona mjadala wa darasani ukichangamka sana kwa jambo hili moja kuliko kwa orodha nzima ya wanyama, kwa sababu mwanafunzi anagundua kwamba sitiari hutegemea kile watu wanachokiamini, hata kama mnyama mwenyewe hana hatia.

Wanafunzi waliosoma Kiingereza kwanza huleta pia "nyoka katika nyasi". Wengine hulitetea kwamba linaeleweka. Linaeleweka, ndiyo, kama ambavyo chai ya jana inanyweka. Ni msemo uliopitia kwa Waingereza kutoka kwa mshairi wa Kirumi, Virgil, na hauna kosa lolote kwao. Kwetu, mtu anayekuishia karibu huku akikudhuru amekwisha kutajwa kwa ndumakuwili, na kwa ile methali ya kikulacho, ambacho hakikai nyasini bali nguoni mwako. Nguo iko karibu kuliko nyasi. Sioni faida ya kuondoka kwenye lililo kali kwenda kwenye lililo baridi.

Upande wa pili wa ukoo kuna majoka yasiyouma, na hapa vitabu vyetu viko kimya kabisa. Joka la kibisa ni nyoka mkubwa wa kutisha kwa umbo lakini asiye na madhara. Msemo huu unaishi vizuri sana katika magazeti ya Tanzania: tume iliyoundwa kwa mbwembwe kisha ikashindwa kumwita hata shahidi mmoja huitwa joka la kibisa, na msomaji anaelewa papo hapo. Kuna pia joka la mdimu. Hilo halili ndimu, lakini limejizungusha mtini na watundao hawathubutu kusogea. Ni picha ya mtu mwenye cheo asichokitumia wala kumwachia mwenzake, au tajiri anayezuia kisima ambacho hanywi. Ukimwambia mwanafunzi kwamba nyoka ni "mtu mbaya", joka la kibisa atalielewa vipi? Atalazimika kufikiri ni mtu mbaya sana, maana ni joka, kubwa. Nimesahihisha karatasi zenye jibu hilo, na sikumlaumu aliyeliandika.

Waandishi wa habari nao wana joka lao, "joka la ufisadi", "joka la ukabila", mara nyingi lenye vichwa saba. Hili limechoka. Lilikuwa na nguvu wakati msomaji alipomwona mnyama. Sasa halina tofauti na neno "tatizo". Lina hasara nyingine pia: ufisadi ukiwa joka, hauna jina la mtu, hauna sahihi kwenye hundi, umetoka tu pangoni. Mhariri mwema angelifuta na kuuliza nani alisaini.

Msemo wa nyoka uliopata umaarufu mkubwa kuliko yote katika Kiswahili cha karne hii ni wa Tanzania, nao unastahili kusomwa kwa makini kwa kuwa tuliuona ukizaliwa, ukikua na ukimgeuka mzazi wake. Mwaka 2011, Mwenyekiti wa CCM wakati huo, Rais Jakaya Kikwete, alitangaza kwamba chama chake kinapaswa "kujivua gamba". Mwezi Aprili mwaka huo, katika vikao vya Dodoma, sekretarieti na Kamati Kuu zilijiuzulu na safu mpya ikaundwa, na wanachama waliokuwa wakituhumiwa kwa ufisadi wakatakiwa kujipima na kuondoka. Julai 2011 Rostam Aziz, mbunge wa Igunga, akajiuzulu ubunge na nyadhifa zake chamani.

Kama sitiari, ilichaguliwa kwa ustadi. Nyoka anapojivua gamba hutoka akiwa anang'aa, amekua, na lile la zamani linabaki nyuma limekauka. Ilisema "mabadiliko" bila kusema "makosa". Lakini sitiari ya mnyama haiji na kipande kimoja tu cha mnyama. Ukilichukua gamba, umemchukua na mwenye gamba. Haikuchukua muda watu kuuliza: kama kinachojivua ni chama, basi chama ni nini? Na nyoka akijivua gamba, sumu yake huenda wapi? Maswali hayo hayakuhitaji mwanasiasa hodari kuyatunga. Yalikuwa yamo ndani ya neno tangu siku ya kwanza, yakingoja mtu wa kuyaokota.

Kilichofuata ni somo zuri la mofolojia. Gamba likapata wingi wake, magamba, na wingi huo ukahama kutoka kwenye ngozi ukaenda kwa watu. Kwa wapinzani, wanachama wa CCM wakawa "magamba". Tazama ngeli inavyofanya kazi ya dharau hapa. Nomino ya Ji-Ma inayotaja kitu inapopewa mtu, msemaji ana hiari ya kusema "magamba wamefika" au "magamba yamefika", na akichagua la pili amemshusha mtu hadi kwenye kundi la maganda na makopo. Kisha CHADEMA, ambao viongozi na wafuasi wao walikuwa wakivaa sare za kaki zinazoitwa magwanda, wakatoka mwaka 2012 na wito wa "vua gamba, vaa gwanda". Kwa upande wa sauti sijui kama kuna wito wa kisiasa uliopangika vizuri zaidi katika miaka hiyo: vua na vaa zinatofautiana kwa irabu moja, gamba na gwanda zinaanza kwa sauti zilizo karibu na kubeba mb na nd katikati. Hakuna aliyehitaji kuukariri. Na aliyetunga sehemu ya kwanza ya wito huo ni mpinzani wao mwenyewe.

Siasa hizo zimepita, lakini msemo umebaki na sasa umetulia. Mtu husikia kwamba timu fulani imejivua gamba baada ya kusajili wachezaji wapya, au mwanamuziki amejivua gamba kwa kubadili mtindo, na wala hakuna anayefikiria Dodoma. Hivyo ndivyo msimu unavyoingia katika lugha ya kawaida. Basi mwalimu anayefundisha kwamba nyoka ni "msaliti" tu amfundisheje mwanafunzi wake sentensi ya sifa kama hiyo?

Nimeacha kwa makusudi neno gumu kuliko yote hadi hapa.

Methali "mtoto wa nyoka ni nyoka" imo karibu katika kila mkusanyiko wa methali za Kiswahili. Maelezo yake ya kawaida ni kwamba mtoto hurithi tabia za mzazi, na mara nyingi huwekwa jirani na ile ya maji kufuata mkondo kana kwamba ni ndugu. Si ndugu. Maji kufuata mkondo ni maelezo. Mtu anaweza kuyasema akicheka kuhusu mtoto anayependa kupiga ngoma kama baba yake. Mtoto wa nyoka ni hukumu. Inatoa sababu ya kumdhuru asiyefanya kitu, kwa kuwa wote tunajua nyoka mdogo anafanywa nini akionekana mlangoni.

Sisi wa eneo la Maziwa Makuu hatuwezi kujifanya hatujui jambo hili limefika wapi. Katika propaganda iliyotangulia na kuandamana na mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi nchini Rwanda mwaka 1994, watu waliitwa inyenzi, yaani mende, na waliitwa inzoka. Ni neno lile lile tulilolitaja mwanzoni tukizungumzia dawa ya tumbo. Tarehe 3 Desemba 2003, Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda iliyokaa Arusha iliwatia hatiani watu watatu wa redio ya RTLM na gazeti la Kangura, na sehemu kubwa ya kesi hiyo ilihusu maneno: yalimaanisha nini, yalisemwa lini, yalisikiwa na nani. Watoto waliuawa pamoja na wazazi wao. Katika madarasa yetu wamo wanafunzi waliozaliwa katika familia zilizopitia hayo, wengine wakiwa na wazazi waliokulia ukimbizini hapa Uganda. Mwalimu anapoandika ubaoni "mtoto wa nyoka ni ______" na kuliambia darasa likamilishe kwa pamoja, yupo anayekaa kimya.

Sisemi methali ifutwe. Wako wenzetu wanaotaka vitabu visafishwe, na nawaelewa, ila naona methali iliyofichwa huendelea kusemwa nje ya dirisha bila mtu wa kuihoji. Ninachokataa ni kuitia katika zoezi la kujaza pengo, ambako mwanafunzi huikamilisha bila kuiuliza chochote. Ifundishwe kama tunavyofundisha shairi lenye utata: nani anaisema, anamwambia nani, anataka afanye nini baada ya kuisikia. Na ipewe mwenza wa kubishana naye. Waganda wana msemo wa nyoka aliyeingia ndani ya chungu: ukimpiga unavunja chungu, ukimwacha huna pa kupikia. Msemo huo haujui jibu. Unamlazimisha mtu ashushe fimbo kwanza, afikiri. Kwa darasa la siku arobaini za muhula, ningetoa juma zima kwa mazungumzo kati ya semi hizi mbili, na ningewaachia punda na fisi wajisomee wenyewe.

Vitabu vya dini vimeongeza maana nyingine mbili ambazo wanafunzi wetu wanazijua kuliko methali. Kuna nyoka wa bustani ya Edeni aliyedanganya, na kuna agizo katika Injili ya Mathayo la kuiga busara yake. Mhubiri mmoja anaweza kuwatumia wote wawili katika mahubiri ya Jumapili moja na waumini wasipotee. Wazee wa vijijini nao katika nyumba nyingi hawamtaji usiku. Husema "kamba" au "mdudu", kama Wakikuyu wanavyosema "mnyama wa chini" kwa lugha yao. Na huko Katanga wachoraji wa mitaani wa Lubumbashi walimchora miaka mingi mwanamke nusu samaki wanayemwita Mamba Muntu, akiwa na nyoka mwilini, na picha hiyo ikatundikwa sebuleni kwa matumaini ya utajiri. Huyo si msaliti. Ni mgeni anayeogopwa na kutamaniwa kwa pamoja.

Mwongozo wa mazoezi unaoandaliwa kwa ajili ya walimu wapya utakuwa na umuhimu kuliko zamani, kwa kuwa tangu Baraza la Mawaziri lilipoamua Julai 2022 kwamba Kiswahili kiwe somo la lazima katika shule za msingi na sekondari, watakaoutumia wengi watakuwa wamejifunza lugha hii ukubwani. Ninapendekeza ukurasa wa nyoka uanze na joka la kibisa, uendelee na ndumakuwili na gamba, uwe na kisanduku kidogo kuhusu enjoka na inzoka, na ile methali ipewe ukurasa wake peke yake, bila pengo la kujaza.